Zimwi la Macho Matatu Halina Kosa

Karatasi ilirudi Jumatatu asubuhi, imekunjwa mara nne na kuchomekwa ndani ya daftari la mtoto. Upande wa mbele kulikuwa na zimwi: macho matatu, meno ya msumeno, tumbo lililokandamizwa rangi ya kijani mpaka karatasi ikachanika kidogo karibu na kitovu. Upande wa nyuma, kwa wino wa bluu na mwandiko wa mtu mwenye hasira aliyelelewa vizuri, mzazi alikuwa ameandika: Mwalimu, naomba picha za namna hii zisije tena nyumbani kwangu.

Nimefundisha darasa la awali hapa Tanga kwa miaka tisa na maneno kama hayo si mageni kwangu. Mengine husemwa getini, pikipiki ikiwa bado inanguruma. Mengine huibuka kwenye kikao cha wazazi, ajenda ya michango ikishakwisha na watu wameanza kutafuta viatu vyao. Wanaoyasema si wajinga; wengi wananizidi elimu. Nimeona niyajibu dai kwa dai, na penye kweli nitaikubali nikifika pake.

Zito kuliko yote ni lile la ndoto mbaya: mtoto akipaka rangi zimwi mchana, usiku atalipata kitandani. Hofu yenyewe ipo, sitaikana. Mwaka 1991 mtafiti Paul Harris na wenzake, huko Uingereza, waliwaomba watoto wa miaka 4 na wa miaka 6 wajifanye kwamba ndani ya boksi tupu mna sungura, au mna zimwi. Watoto walijua fika kwamba boksi ni tupu, na walipoulizwa walisema hivyo. Lakini mtafiti alipotaka kutoka chumbani, baadhi ya wale wa miaka 4 waliopewa zimwi hawakukubali awaache peke yao. Anajua halipo, na bado anaogopa. Wewe unayekaza mwendo ukipita makaburini saa mbili usiku, usimcheke.

Ila tazama ni kitu gani kiliwatisha. Boksi lililofungwa. Hapakuwa na picha, hapakuwa na rangi, hapakuwa na mkasi wala gundi. Zimwi la ndani ya boksi halina umbo, kwa hiyo hukua kwa kadiri ya woga wa anayeliwazia. La kwenye karatasi lina mipaka: haliwezi kuzidi sentimita 21 kwa 30, na limepakwa rangi aliyoichagua mtoto mwenyewe. Akitaka, analikunja na kulitia mfukoni.

Miaka michache iliyopita nilikuwa na mvulana aliyelia kila alipotakiwa kwenda chooni peke yake. Mle mna dude, alisema. Tulimpeleka, tukamfungulia mlango, tukamwonyesha kona zote nne, haikusaidia. Siku moja nikampa karatasi na penseli, nikamuuliza dude lenyewe likoje. Alikaa muda mrefu akitafuna penseli. Kisha akachora mviringo, akaupachika miguu sita. Lina macho? Mawili. Akasita, akaongeza la tatu. Linakula nini? Sabuni. Alijibu upesi sana, kama mtu aliyekwisha kulifikiria jambo hilo, na ni kweli kwamba sabuni ya choo chetu ilikuwa haikai. Tukalipaka rangi ya zambarau, akalikata kwa mkasi, mimi nikamsaidia kwenye miguu, tukalibandika mlangoni mwa choo.

Siku za mwanzo alikuwa akilibishia hodi kabla ya kuingia. Wiki iliyofuata nikamsikia akimkataza mwenzake: “Usipige kelele, amelala.” Msikilize vizuri. Zimwi, kwa Kiswahili cha kawaida, lina *li-* yake: limekuja, limelala, na hata methali inasema zimwi likujualo halikuli likakwisha. Mtoto alikuwa ametoka kwenye *li-* akahamia kwenye *a-*, upatanisho tunaowapa watu na wanyama. Dude limekuwa jirani. Hakuna somo la sarufi nililowahi kufundisha lililonifurahisha kama hilo nililofundishwa siku ile.

Jambo hili wengine wamelipima kwa utaratibu kuliko mimi na mlango wangu wa choo. Baada ya vita vya mwaka 2006 kati ya Israeli na Hezbollah, mtafiti Avi Sadeh na wenzake waliwagawia watoto wadogo wa Israeli, waliokuwa na mshtuko wa vita, mbwa wa kitambaa wa kukumbatia, wakawaambia kwamba mbwa huyo ana huzuni na anahitaji mtu wa kumtunza. Watoto waliopewa kazi hiyo ya utunzaji walipungukiwa na dalili za msongo. Baadaye wakajaribu vivyo hivyo kwa watoto wenye woga wa usiku, nao wakapata nafuu. Mtoto mwenye woga ukimpa kitu kidogo cha kukitunza, anageuka kuwa mkubwa. Ndiyo maana kila zimwi linalotengenezwa darasani kwangu hupewa jina, kitanda cha boksi la kiberiti au la dawa ya meno, na mtu wa kulilaza.

Tena nani hasa anayewatisha watoto wetu kwa mazimwi? Ni sisi. “Nyamaza, zimwi linakuja.” “Usipokula nitamwita daktari akuchome sindano.” Usiku, taa imezimwa, bila umbo wala rangi: boksi lililofungwa lile lile. Nashuku kwamba baadhi ya wanaonirudishia karatasi hutumia njia hii nyumbani, maana watoto hunisimulia.

Walio wataalamu nao huteleza. Maurice Sendak alipotoa *Where the Wild Things Are* mwaka 1963, kitabu cha mtoto mtundu anayesafiri hadi kwa madude akawa mfalme wao, kulikuwa na watu wazima waliosema kitawatisha watoto. Mwaka 1969 mtaalamu mashuhuri wa saikolojia ya watoto, Bruno Bettelheim, alikikosoa jaridani bila kukisoma, akitegemea alivyosimuliwa na akina mama. Na kilichomkera zaidi kilikuwa adhabu ya mtoto kulazwa bila chakula, mama kumtupa mwanawe. Madude yenyewe hayakuwa kiini cha lawama yake. Mwaka 1976 Bettelheim huyo huyo akatoa kitabu kizima cha kutetea hadithi za kale zenye majitu na wachawi, akisema zinamsaidia mtoto kupambana na hofu zake. Sendak, kwa upande wake, alikwisha kupata medali ya Caldecott tangu mwaka 1964, na kizazi baada ya kizazi cha watoto kilikuwa kimelala na kitabu chake chini ya mto.

Mipaka ninayo. Picha ya mtu aliyeliwa nusu siigawi, wala damu. Na Popobawa, kiumbe cha kuogofya cha visiwani, sichori, hata nikiombwa. Mwaka 1995, Pemba na Unguja, watu wazima walilala nje kwa makundi kwa kumwogopa, na wapo wazazi na mababu ambao kwao huo si mchezo hata leo. Kiumbe ambacho mzazi mwenyewe anakihofia hakifai kuwa kazi ya mikono ya mtoto. Mtoto atausoma uso wa mama yake kabla ya kuisoma picha.

Dai jingine ni kwamba haya ni mambo ya Wazungu. Nusu yake naikubali mara moja. Ukienda steshenari ukaomba picha za kupaka rangi, kijana wa kompyuta atakuchapia kilichokuja kwanza kwenye intaneti: dude lenye manyoya limeshika boga lililotobolewa macho, na chini yake maneno ya Kiingereza ya kuipongeza sikukuu ya mwezi Oktoba ambayo hapa haisherehekewi. Boga kwetu ni futari. Likiungwa kwa tui la nazi na iliki halijawahi kumtisha mtu. Mwalimu anayegawa karatasi ile bila hata kukata yale maneno anastahili barua ya wino wa bluu, na nakiri kwamba mwaka wangu wa kwanza nilikuwa mwalimu huyo.

Lakini zimwi lenyewe ni letu tangu zamani sana. Wazulu wana *izimu*, Wasotho wana *ledimo*, Wakikuyu wana *irimũ*, ambalo katika hadithi zao huwa na mdomo wa pili kisogoni, umefunikwa na nywele. Ni neno moja lililotembea na watu kutoka nchi hadi nchi, likibadilisha matamshi njiani. Mtoto wa Kibantu amekuwa akitishwa, akichekeshwa na akifunzwa na mazimwi kabla ya karatasi kufika pwani hii.

Chukua Nunda. Edward Steere alizikusanya hadithi za Unguja na kuzitoa London mwaka 1870, na mojawapo ni ile ya Sultani Majinuni na paka wake. Paka anakula ndama. Sultani anapashwa habari, anasema paka ni wake na ndama ni wake. Paka anaendelea, anapanda kutoka kwa mifugo hadi kwa watu, hadi anakuwa Nunda mla watu. Kitinda mimba wa Sultani anatoka kwenda kumwinda, na kila mara anarudi amekokota mnyama, amejaa fahari, na mama yake anamwambia: siye huyu. Anarudi porini, analeta mkubwa zaidi. Siye. Anafika hadi kwenye tembo. Siye bado. Darasani hadithi hii naigeuza kuwa kazi ya wiki nzima: kila siku mtoto anachora “je, ndiye huyu?” na Ijumaa anamchora Nunda mwenyewe. Sijawahi kupata Nunda wawili waliofanana. Mwaka jana mmoja alikuwa na magurudumu.

Na nenda Mwenge, Dar es Salaam, kwenye vibanda vya vinyago. Yale maumbo ya mpingo yenye jicho moja, sikio linalofika gotini, mdomo uliopinda kuuzunguka uso, ni mtindo unaoitwa shetani, na anayetajwa kuuanzisha ni mchongaji Mmakonde Samaki Likankoa, mwishoni mwa miaka ya 1950. George Lilanga, aliyefariki mwaka 2005, aliyapeleka madude hayo kwenye turubai kwa rangi za kung'aa, matumbo mbele, masikio kama majani ya myungu, yakicheza ngoma na kubishana kama majirani wa uswahilini. Watalii hununua kwa dola. Mtoto wa darasa la awali akichora hicho hicho kwa kreyoni, tunasema amepotoshwa na katuni za nje.

Hapo huja dai la tatu, mara nyingi kutoka kwa mzazi yule yule: kwamba picha hizo hukaribisha mapepo. Kiswahili ni lugha ya watu waliokaa na mambo haya muda mrefu, ndiyo maana kimeyagawia kazi. Pepo hupandishwa na hupungwa. Majini wana dini zao, wengine Waislamu, wengine la. Mzimu ni wa wafu na una mahali pake, chini ya mbuyu au pangoni. Hata neno shetani wachongaji wamelinyoosha mpaka likabeba viumbe vya kila namna. Zimwi je? Zimwi linakaa kwenye hadithi. Halipandi kichwani, halina mganga wake, hakuna aliyelichinjia mbuzi. Bibi zetu waliokuwa wakali kweli kweli juu ya kutaja majini usiku ndio hao hao waliotusimulia mazimwi usiku, tukiwa tumejifunika shuka moja.

Wazazi Waislamu wanaochelea kuchora chenye roho nina njia nyingine nao, maana suala hilo lina wanazuoni wake na mimi si mmoja wao. Mtoto wao huchora nyumba ya zimwi, nyayo za zimwi, chakula cha zimwi. Nyayo hasa ndizo tamu: anachovya ngumi kwenye rangi, anaigonga karatasini, anaongeza vidole saba kwa ncha ya kidole. Ila huwa nawakumbusha, kwa heshima, ile hadithi aliyoipokea Abu Daud juu ya Bi Aisha na wanasesere wake, kati yao farasi mwenye mbawa mbili za vitambaa. Mtume (S.A.W.) aliuliza, farasi na mbawa? Bi Aisha akamjibu kwa habari za farasi wa Nabii Suleiman waliokuwa na mbawa, naye akacheka hata magego yakaonekana. Wako wanazuoni walioitumia hadithi hii kuruhusu wanasesere wa watoto. Mimi hunivutia kile kicheko.

Kwamba kazi hizi zitawafanya watoto wakorofi, hilo halinichukui muda. Watoto wangu wakorofi kuliko wote walikuwa wanacheza mpira. Na mwaka 2002, Afrika Kusini, kipindi cha watoto cha *Takalani Sesame* kilipotafuta mhusika wa kuwafunza watoto kumpenda mwenzao anayeishi na VVU, walimwumba Kami, kidude cha kike chenye manyoya ya rangi ya haradali. Angeweza kuwa mtoto wa kawaida. Waliona kidude kitafika mbali zaidi.

Sasa wale wa KKK. Mwalimu, tunalipa ada mtoto ajue kusoma, kuandika na kuhesabu, nyie mnapaka rangi. Mzazi aliyeniambia hivyo alikuwa amesimama mlangoni wakati darasa zima linachora meno. Nikamwomba atazame meno yenyewe: chini, juu, chini, juu, bila kuinua penseli. Hiyo ni *w*. Nywele za kusimama ni *l*. Mkia wa kujiviringisha ni *e* inayokua, na jicho ni *o*. Ukilipa jicho kijiti pembeni umepata *a*. Mtoto wa miaka mitatu huweza mviringo. Alama ya msalaba huja karibu na minne. Mraba na pembetatu husubiri hadi karibu na mitano. Ukimlazimisha aandike *k* kabla vidole havijapata nguvu, atashika penseli kwa ngumi, na ngumi hiyo ataipeleka hadi darasa la tatu. Mkasi, kufinyanga udongo, kuchana karatasi vipande vidogo vya magamba ya zimwi: hayo ndiyo mazoezi ya vidole, na hakuna mtoto anayekataa kuchana karatasi.

Kuhesabu tunatumia dadu ya ludo. Rusha: tano. Zimwi lako lina macho matano. Rusha tena: mbili, mikono miwili. Rusha: sita, pembe sita. Mtoto anahesabu vitone vya dadu, anachora, anahesabu tena kuhakikisha, na jirani yake anahesabu kumkamata. Halafu najiuliza kwa sauti, zimwi la nani lina macho mengi, na yamezidi mangapi. Hiyo ni kutoa, mzazi, tena bila kijiti. Kusoma huja mwisho, mtoto anaponitamkia sentensi nikamwandikia chini ya picha, kisha akanisomea kwa kidole. Mwezi uliopita niliandikishwa: “Zimwi langu linapenda chapati lakini halina hela.” Aliisoma mara nne, na mara ya nne alisimama kwenye neno *hela* akaniuliza kwa nini imeanza na herufi ile ile ya *halina*.

Kuna na dai la wasomi, nalo ndilo linaloniuma, kwa kuwa linatoka kwa watu wanaopenda sanaa. Wanasema karatasi iliyochorwa tayari, mtoto akaachiwa kujaza rangi tu, inaua ubunifu. Mtetezi wao mkubwa ni Viktor Lowenfeld, Mwaustria aliyehamia Marekani, ambaye katika *Creative and Mental Growth* ya mwaka 1947 alivishutumu vitabu vya kupaka rangi: mtoto aliyezoea mbwa wa kuchorewa huona mbwa wake mwenyewe ni mbaya, akaishia kusema sijui kuchora.

Nimeliona hilo kwa macho yangu, kwenye picha ya ng'ombe. Niligawa ng'ombe wa kuchapwa, mzuri, mwenye nundu. Mtoto mmoja akampaka bluu. Aliyekaa karibu akamwambia ng'ombe wa bluu hayupo. Akageuza karatasi, akajaribu kumchora wake upande wa pili, akatoka na miguu mitano, darasa likacheka. Hakuchora tena wiki nzima. Lowenfeld angetikisa kichwa.

Ila zimwi si ng'ombe. Ng'ombe kila mtu anamjua: mwalimu anamjua, mzazi anamjua, mtoto wa mchunga ng'ombe anamjua kuliko wote wawili, na kila mmoja yuko tayari kusahihisha. Zimwi hakuna aliyeliona. Miguu mitano ni sawa. Bluu ni sawa. Mtoto wa miaka mitatu na nusu anayechora watu wake kama viluwiluwi, kichwa kimoja kikubwa na miguu inayotokea kidevuni, huchekwa akisema huyu ni mama. Akisema ni zimwi, tunamuuliza linaitwaje. Katika karatasi zote ninazogawa kwa mwaka, hiyo ndiyo pekee ambayo ninaye mbele yangu mtu anayejua zaidi yangu, inanibidi niulize ili nijue. Ndiyo sababu siiachi.

Kwa hiyo nimepatana na Lowenfeld kwa njia yangu. Sigawi tena zimwi zima. Nachora mdomo tu, au jicho moja kubwa katikati, nawatolea kopi, wao wanamalizia. Wengine wanahitaji pa kushika. Karatasi nyeupe tupu huwatisha kuliko dude lolote. Jicho moja linawatosha kuanza. Na mzazi anayelalamika kwamba mtoto amepaka nje ya mstari namwambia hayo ni manyoya.

Limebaki dai la gharama, kwamba vifaa ni ghali, nalo nitalijibu kwa mikono. Chukua mfuko wa kaki, ule wa dukani wa kufungia sukari, wenye kitako cha bapa. Tangu mifuko ya plastiki ilipopigwa marufuku Tanzania mwezi Juni 2019, nyumba haikosi mifuko ya kaki. Ulaze, kitako kikiwa kimekunjwa juu. Lile kunjo ndilo mdomo: ingiza mkono, vidole ndani ya kunjo, fungua, funga, tayari linaongea. Macho ni vifuniko vya soda. Meno ni maganda ya mayai yaliyooshwa, au mbegu za boga, nazo ni nzuri zaidi kwa kuwa zimechongoka tayari. Ulimi ni kipande cha khanga kuukuu. Rangi ya manjano ni binzari iliyokorogwa na maji kidogo. Nyekundu ni maji ya viazisukari, ingawa hufifia. Nyeusi ni mkaa, na mkaa utafika kwenye sare, waandae wazazi mapema. Gundi ni uji mzito wa unga wa muhogo au ngano, koroga isipate mabonge, ongeza kijiko cha siki usichache.

Kijiko cha siki niliwahi kukisahau. Tulikuwa tumemaliza mazimwi ishirini na mawili ya mifuko ya kaki, tukayapanga juu ya kabati yakauke mwisho wa wiki. Jumatatu nikafungua mlango, harufu ya uji uliochacha imejaa, na panya wamepita. Nane hayakuwa na midomo. Matatu yalikuwa yamebaki macho tu, vifuniko vya soda vimelala juu ya kabati vinatazama dari. Nilisimama pale natafuta maneno ya kuwaambia watoto, nikijua kuna watakaolia.

Waliingia, wakatazama, wakanyamaza. Kisha msichana mmoja mdogo, ambaye zimwi lake lilikuwa limepoteza mguu na nusu ya tumbo, akatangaza kwamba usiku limekuja zimwi jingine, kubwa, likawala wenzake. Wakaanza kubishana. Lina meno mangapi? Lilipitaje mlangoni? Mbona halikula macho? Mmoja akasema vifuniko vya soda ni vigumu, hata zimwi halivitafuni. Kabla sijafungua kinywa walikwisha kukaa, wananyoosha mikono kudai karatasi, wapate kulichora lile jipya kabla hawajalisahau.